Mali Bila Daftari: Nani Ameandika Makocha Wetu?



Leo sina programu mpya ya kuwaonyesha, wala mbinu ya kuongeza kasi ya kompyuta yako kuukuu. Leo tuna historia. Lakini msikimbie, maana historia hii inatuhusu sisi watu wa kompyuta kuliko inavyoonekana ukiitazama juu juu. Nataka tuzungumze kuhusu watu wanaokesha bila kulipwa hata senti wakiandika kamusi elezo ya mtandaoni, na hasa wale waliojitwika kazi ya kuandika makocha wa mpira, mmoja baada ya mwingine. Kisha tuulize kwa nini kazi hiyo imefaulu sana kwa wenzetu, ilhali huku kwetu Kisumu, Ahero, Awasi na kuendelea bado ina mashimo makubwa.

Tuanzie Marekani, halafu turudi nyumbani.

Wamarekani wana mchezo wao wanaouita futiboli, ule wa mpira wenye umbo la yai na wachezaji waliovaa helmeti. Si soka. Mchezo huo ulikulia vyuoni. Mechi inayohesabiwa kuwa ya kwanza ilichezwa tarehe 6 Novemba 1869 kati ya vyuo vya Rutgers na Princeton. Tangu hapo mamia ya vyuo, vikubwa kwa vidogo, vimekuwa na timu, na kila timu ina kocha mkuu ambaye kule ni mtu mzito, wakati mwingine anajulikana kuliko mkuu wa chuo chenyewe.

Wikipedia ya Kiingereza ilianza tarehe 15 Januari 2001. Baadaye wahariri wa kujitolea waliopenda futiboli ya vyuo walijiunga katika mradi mmoja ndani yake na kugawana kazi. Hawakutosheka na majina makubwa kama Knute Rockne wa Notre Dame, aliyeshinda mechi 105, akashindwa 12 na kutoka sare 5 kati ya 1918 na 1930. Huyo kila mtu angemwandika. Wao walishuka mpaka kwenye vyuo vidogo vya mashambani, wakawatafuta makocha waliofundisha misimu miwili au mitatu miaka ya 1910 kisha wakaenda kuwa mawakili, madaktari au wakulima.

Sasa tazama umbo la kurasa zao, maana hapo ndipo mtu wa kompyuta anaposimama akashangaa. Juu kulia kuna kisanduku chenye jina, tarehe ya kuzaliwa, vyuo alivyofundisha na miaka yake. Katikati kuna jedwali la kila msimu: alishinda ngapi, alishindwa ngapi, alitoka sare ngapi. Chini kabisa kuna orodha ya makocha wote wa chuo kile kwa mfuatano. Hiyo orodha ya chini inaonekana kama pambo tu, lakini ndiyo injini ya kazi yote. Jina lenye ukurasa linakuwa la buluu, lisilo na ukurasa linakuwa jekundu. Ukimaliza kuandika kocha mmoja, unaona jekundu la aliyemtangulia na jekundu la aliyemfuata. Pengo lenyewe linakuita. Ndivyo mtu anavyoanza na kocha mmoja na kujikuta baada ya miaka ameandika mamia.

Ubishi nao haukukosekana. Wahariri wengine waliuliza: hivi mtu aliyefundisha chuo kidogo misimu miwili anastahili ukurasa katika kamusi elezo? Kwa nini tusiweke na wapishi wa chuo? Ni swali la haki, na mabishano yake yamejaza kurasa nyingi za majadiliano. Kilichowasaidia watetezi haikuwa kelele, bali ushahidi. Walileta gazeti la mji lenye tarehe, kitabu cha mwaka cha chuo, taarifa ya mechi. Palipokuwa na ushahidi wa kutosha ukurasa ulibaki, palipokosekana ukafutwa au ukaunganishwa na mwingine.

Hebu tusimame hapo kidogo. Mtu anaweza kusema Wamarekani wameandika makocha wao kwa sababu wana intaneti ya kasi na muda wa kuchezea. Intaneti kweli ilichangia. Sisi kabla ya nyaya za chini ya bahari kutua Mombasa mwaka 2009 tulipita satelaiti, na kwenye saiba kila dakika ilikuwa na bei yake; nani angelipia dakika za kuhariri kamusi? Lakini hilo halikuwa kubwa. Kubwa ni kwamba yule mhariri alipoketi kuandika, daftari lilikuwepo tayari. Mwaka 1912 kulikuwa na mwanafunzi aliyeandika gazeti la chuo, na mkutubi aliyelihifadhi. Miaka mingi baadaye likapigwa skani. Mhariri wa kujitolea ni mkono wa mwisho katika mlolongo mrefu wa mikono. Yeye hukusanya, hulinganisha na hupanga. Hatungi.

Na sheria za Wikipedia zinamlazimisha awe hivyo. Kila jambo liwe na chanzo kilichochapishwa ambacho mtu mwingine anaweza kukiangalia. Usiandike utafiti wako mwenyewe. Mada iwe imeshaandikwa na watu wasiohusika nayo. Maana yake ni kwamba mhariri haruhusiwi kwenda kwa mzee, kumhoji chini ya mti, kisha kuyabandika maneno yake kwenye kamusi. Kamusi elezo haianzishi kumbukumbu. Inapokea ile iliyokwisha kuandikwa.

Haya, sasa turudi nyumbani.

Kwa wasiopajua, Awasi ni soko kwenye barabara ya Kisumu kwenda Kericho, ukishapita Ahero, pale inapochepuka njia ya Chemelil na Muhoroni. Ni nchi ya miwa na ya mpira. Chemelil Sugar ilicheza Ligi Kuu ya Kenya kwa miaka mingi hadi iliposhuka mwaka 2020, na Muhoroni Youth nayo ilicheza ligi hiyo miaka ya 2010. Ukitaja Gor Mahia hapa, hata mama anayeuza nyanya atakuwa na neno la kusema.

Uliza habari za 1987 na utaketi mpaka jioni. Gor Mahia ilitoka sare ya 2-2 na Espérance mjini Tunis, wakarudiana 1-1 Nairobi katika uwanja wa Kasarani, na Gor ikatwaa Kombe la Washindi la Afrika, lililoitwa Kombe la Mandela, kwa mabao ya ugenini. Hakuna klabu nyingine ya Kenya iliyowahi kutwaa kombe la bara. Wazee watakutajia Peter Dawo, nahodha Austin Oduor, Abbas Khamis Magongo. Na kocha? Kocha alikuwa Mwingereza, Jack Johnson.

Sasa nenda kwenye Google uandike jina hilo. Utakutana na Jack Johnson bondia, Mmarekani mweusi wa kwanza kuwa bingwa wa dunia wa uzani wa juu, mwaka 1908. Kisha utakutana na Jack Johnson mwimbaji wa Hawaii na gitaa lake. Yule wa Kasarani yuko nyuma kabisa ya foleni. Mtu aliyekaa kwenye benchi siku kubwa kuliko zote katika historia ya klabu zetu, mashine inamchanganya na bondia.

Mlinganishe na Len Julians, Mwingereza mwingine aliyefundisha Gor Mahia. Huyo ukimtafuta unampata upesi, na mechi zake na mabao yake yamehesabiwa. Kwa nini? Kwa sababu kabla ya kuja kwetu alichezea Arsenal, Nottingham Forest na Millwall, na kule kila mechi iliandikwa. Ndivyo ilivyo pia kwa Ray Wood, kipa wa Manchester United aliyenusurika ajali ya ndege ya Munich mwaka 1958 na baadaye akaifundisha Kenya. Tazama ukurasa wa mgeni wa namna hii: ujana wake Uingereza umejaa takwimu, na alipofika Afrika maneno yanapungua ghafla. Mtu ni yuleyule. Daftari ndilo lililobadilika.

Wahenga walisema mali bila daftari huisha bila habari. Mimi nilidhani ni methali ya wenye maduka. Kumbe ni ya makocha pia.

Maana wapo wetu, waliozaliwa hapa, wasio na daftari la Arsenal la kuwabeba. Marshall Mulwa aliiongoza Harambee Stars kutwaa kombe la CECAFA mara tatu mfululizo, 1981, 1982 na 1983. Mohammed Kheri aliipeleka timu kwenye Kombe la Mataifa ya Afrika nchini Algeria mwaka 1990. Na kabla yake, Morocco 1988, kocha alikuwa Chris Makokha.

Makokha nataka tumtazame vizuri, kwa sababu yeye ndiye anayekaribia zaidi wale makocha wa vyuo vya Marekani. Jina lake lilijengwa kwenye mpira wa shule, pale Kakamega High, timu inayojulikana kama Green Commandos. Kenya haina futiboli ya vyuo ya kujaza viwanja, lakini ina mpira wa shule za sekondari, na mwalimu mwenye filimbi shingoni ndiye aliyewalea wachezaji wengi waliokuja kuvaa jezi ya taifa. Kila mwaka kuna mashindano ya kaunti, ya kanda, ya taifa, na ya Afrika Mashariki. Kila shule iliyoshinda ilikuwa na mwalimu wake. Ukitaka kuandika orodha ya makocha wa Kakamega High kwa mfuatano kama ile ya vyuo vya Marekani, utaanzia wapi? Utaanzia kwenye kombe lililo ofisini kwa mwalimu mkuu, kwenye picha ukutani, na kwa wazee wenyewe. Hakuna hata kimoja kati ya hivyo ambacho kamusi elezo inaweza kukipokea moja kwa moja.

Kuna sababu nyingine inayotuhusu. Historia ya mpira wetu tuliipokea kwa masikio. Watangazaji wa Sauti ya Kenya, kina Leonard Mambo Mbotela, walituchezea mechi redioni na mtu wa Awasi akaiona Nairobi bila kupanda basi. Ilikuwa kazi ya ustadi mkubwa. Lakini sauti hupita. Joe Kadenge, mchezaji ambaye jina lake lilikuwa sawa na neno mpira, na ambaye pia aliifundisha Harambee Stars, alifariki Julai 2019. Mbotela mwenyewe alifariki Februari 2025. Kila mmoja wao aliondoka na majibu ya maswali ambayo hatukuwahi kuuliza tukiwa na kalamu mkononi.

Sasa tuje kwenye Kiswahili chetu. Wikipedia ya Kiswahili ilianza mwaka 2003. Miongoni mwa waandishi wake wa mwanzo alikuwa Ndesanjo Macha, Mtanzania ambaye wanablogu wa Kiswahili wa enzi zile wanamjua vizuri. Mwishoni mwa 2009 kampuni ya Google ilianzisha shindano la kuandika makala za Wikipedia kwa Kiswahili kwa wanafunzi wa vyuo vya Kenya na Tanzania. Makala ziliongezeka, na washiriki wengi walitafsiri zile za Kiingereza. Sikatai, tafsiri ina faida yake. Lakini fikiria inachofanya. Ukitafsiri unaleta kwenye Kiswahili kile ambacho Kiingereza kimeshakiandika. Utampata Rockne kwa Kiswahili kabla ya kumpata mwalimu wa shule ya jirani. Tafsiri haiwezi kukupa kocha ambaye hakuna lugha iliyowahi kumwandika.

Twende upande wa ufundi kidogo, nisije nikafukuzwa kwenye kazi yangu.

Ukijenga hifadhidata ya makocha wa Kenya, utagonga ukuta wa kwanza kwenye majina ya watu. Mohammed, Mohamed, Muhammad: magazeti matatu yanaandika hivyo kwa mtu mmoja, na kompyuta inahesabu watu watatu. Jacob Mulee, aliyeifikisha Kenya Tunisia kwa Kombe la Mataifa la 2004, nusu ya nchi inamjua kwa jina la Ghost tu.

Ukuta wa pili ni majina ya klabu. Karibu na 1980, wakati wa Rais Moi, klabu zenye majina ya kikabila zilitakiwa kuyabadili. Abaluhya ikawa AFC Leopards. Luo Union, iliyokuwa bingwa wa ligi mwaka 1964 na 1975, ikawa Re-Union. Gor Mahia ilijiita kwa muda Gulf Olympic Rangers, ujanja wa kubakisha herufi za GOR. Programu isiyojua habari hii itakuambia kuna klabu tatu zilizokufa na tatu zilizozaliwa kwa mkupuo, na makocha wao watakatika vipande viwili.

Ukuta wa tatu ni mipaka. Francis Baraza alifundisha klabu za Kenya kisha akavuka kwenda Biashara United na Kagera Sugar za Tanzania. Nusu ya kazi yake iko kwenye magazeti ya Nairobi, nusu kwenye ya Dar es Salaam.

Dawa ya kiufundi ipo. Jina lisitumike kama kitambulisho. Mpe kila kocha na kila klabu namba yake. Wikidata, iliyoanza Oktoba 2012, inafanya hivyo hasa: mtu mmoja, namba moja, majina mengi kadiri utakavyo. Halafu usihifadhi kocha na klabu peke yake, hifadhi kipindi: nani, wapi, kuanzia lini, hadi lini, kama mkuu au kaimu, na umejuaje. Hilo la mwisho ni muhimu kuliko yote. Safu isiyo na chanzo ni uvumi uliovaa suti.

Lakini namba haziumbi daftari. Daftari lenyewe linatafutwa wapi?

Kwanza magazeti. Daily Nation, Standard, Taifa Leo, na lile la Baraza lililokuwa likitoka kwa Kiswahili zamani. Google ilikuwa na mradi wa kupiga skani magazeti ya kale, ikausimamisha mwaka 2011, lakini matoleo mengi ya Daily Nation yalikuwa yameshaingia. Utafutaji wa maneno humo hauaminiki, kwa hiyo lazima ujue tarehe kisha ufungue ukurasa baada ya ukurasa. Mengine yako kwenye karatasi, Kumbukumbu za Taifa pale Moi Avenue, Nairobi. Wikipedia haidai kiungo cha mtandaoni. Jina la gazeti, tarehe na ukurasa vinatosha.

Pili, vijitabu vya mazishi. Hapa kwetu mtu akifariki, familia huchapisha maisha yake: alizaliwa wapi, alisoma shule gani, alifundisha timu gani na mwaka gani. Pengine ndiyo wasifu pekee wa kocha wa kijijini utakaowahi kuchapwa. Husomwa siku moja, kesho yake unafungiwa karanga. Kamusi elezo inaviona ni vyanzo dhaifu kwa sababu ni vya familia, na ni sawa. Ila vinakupa kitu cha dhahabu: tarehe. Ukijua kwamba mzee alichukua timu mwaka 1974, unajua ni gazeti la mwaka gani ulifungue.

Tatu, kama hakuna aliyeandika, basi andika wewe, lakini mahali panapostahili. Peleka habari kwa mwandishi wa gazeti. Chapisha kijitabu cha miaka hamsini ya shule. Mwombe mtangazaji wa redio amhoji mwalimu mstaafu na aihifadhi rekodi hiyo yenye tarehe. Baadaye atakuja mhariri wa kujitolea, pengine hajazaliwa, na atakuta pa kuanzia. Na ukiweka kitu mtandaoni, kihifadhi pia kwenye Internet Archive, maana tovuti hufa. Waulize waliokuwa na kurasa GeoCities mpaka Yahoo ilipoufunga mlango Oktoba 2009.

Najua wapo watakaosema haya ni mambo ya watu wasio na shughuli. Watoto hawana karo, mashamba ya miwa yana madeni, wewe unatuletea makocha! Nawaelewa. Lakini nawajibu hivi. Kijana wa Awasi anayetaka kuwa kocha leo akitafuta mtandaoni watu wa kazi hiyo, anaonyeshwa Waingereza na Wamarekani, kwa takwimu hadi ya mechi ya mwisho. Ataamini kwamba ukocha ni kazi ya watu wa kwingine, kumbe mwalimu aliyekaa nyumba ya tatu kutoka kwao aliwahi kutoa wachezaji wa taifa. Hakuna aliyemdanganya. Ni ukurasa tu uliokosekana.

Kwa hiyo ombi langu ni hili. Chagua kocha mmoja, wa shule yako au wa klabu ya mtaa wako. Tafuta mambo matatu tu: alianza lini, aliacha lini, nani alimfuata. Kila jambo liwe na karatasi nyuma yake, na karatasi iwe na tarehe. Piga picha, andika tarehe kwenye jina la faili, weka nakala mahali pawili. Ukipata, niandikie, nami nitakuonyesha jinsi ya kuviingiza Wikidata hatua kwa hatua. Ukipata tu jina la aliyemfuata, usilidharau. Hilo ndilo jekundu la kwanza.

Wiki ijayo tutarudi kwenye programu. Kwaherini.